Mkato wa Desimali Si Njia ya Mkato

Katika darasa la tano la shule moja ya msingi, si mbali na daraja la mto Mulongwe mjini Uvira, mvulana mmoja aliitwa ubaoni aseme ipi iliyo kubwa kati ya tatu ya nane na mbili ya tano. Naye, kwa kuwa alikuwa amefundishwa barabara kanuni ya kugawanya, aligawanya tatu kwa nane akapata 0,375, akagawanya mbili kwa tano akapata 0,4, tarakimu zake zote zikiwa sahihi na mwandiko wake ukiwa safi, kisha akawageukia wenzake akatangaza, pasipo shaka hata chembe, kwamba tatu ya nane ndiyo kubwa. Alipoulizwa sababu alijibu: "Mwalimu, mia tatu sabini na tano si inapita nne?" Nilikuwa nimeketi dawati la nyuma siku hiyo, mgeni wa mwalimu, na nilitoka nje nikiwa nimesadiki jambo ambalo kwa miaka mingi nilikuwa nikilishuku tu: kwamba rai inayotawala vinywani mwa wazazi, wafanyabiashara na walimu wengi wa ufuko huu wa kaskazini wa Tanganyika, ya kuwa sehemu ni hesabu ya kale na desimali ndiyo njia nyepesi ya kulinganisha, ni rai ghalati, na madhara yake huwaangukia watoto ambao hawakuulizwa shauri.

Sitaki kuwadhulumu wenye rai hiyo kwa kuieleza vibaya, kwa hiyo nitaieleza kama wanavyoieleza wenyewe. Wanasema kwamba kilo, mita na lita zote zaenda kwa makumi. Kwamba dola ina senti mia. Kwamba simu iliyo mfukoni mwa kila mwendesha pikipiki wa Kavimvira ina kikokotoo, na kikokotoo hakijui thuluthi wala sudusi. Kwamba mtoto wa darasa la sita anangojewa na mtihani wa taifa wa kumaliza shule ya msingi, ambamo dakika ni chache na maswali ni mengi. Na kwamba, maadamu desimali hulinganishwa kama namba nzima, hapana faida ya kumchosha mtoto kwa kutafuta asili moja ya sehemu mbili, ilhali angeweza kuzigeuza zote desimali, akatazama, akamaliza. Hayo si maneno ya wapumbavu. Ni maneno ya watu waliolima bonde la Ruzizi na kukesha ziwani na taa za uvuvi ili mtoto apate daftari, na haja yao ya kumwona mtoto akifaulu ni haja ya haki. Lakini haki ya haja haifanyi hoja kuwa sahihi.

Hoja yao yote imesimama juu ya neno moja, kwamba desimali hulinganishwa kama namba nzima, na neno hilo si kweli. Kwa namba nzima iliyo ndefu ndiyo kubwa siku zote, na mtoto amelijua hilo tangu darasa la kwanza, akalithibitisha kila alipotumwa dukani. Kwa desimali urefu hausemi lolote, maana 125 inaizidi 5 na 0,125 ni ndogo kuliko 0,5. Mwalimu anayeijua hatari hii humwambia mtoto aongeze sifuri mpaka tarakimu zilingane, 0,4 iwe 0,400, ndipo ailinganishe na 0,375. Ni shauri jema. Lakini mtoto akiuliza, na mtoto mwenye akili hana budi kuuliza, kwa nini sifuri mbili zilizofuata nyuma ya mkato hazikuizidisha namba, hali sifuri mbili zikifuata nyuma ya faranga nne zimekuwa faranga mia nne, mwalimu atajibu nini? Hana jibu ila moja: kwamba nne ya kumi ni sawa na arobaini ya mia, na arobaini ya mia ni sawa na mia nne ya elfu. Jibu lenyewe ni sehemu, tena ni ule ulinganifu wa sehemu tulioambiwa umepitwa na wakati. Kuongeza sifuri ni kutafuta asili moja. 0,375 na 0,400 ni 375 na 400 zenye asili ya elfu, ila asili imeondolewa machoni. Basi anayemtoa mtoto katika sehemu na kumkimbiza kwenye desimali hakumpunguzia kazi, bali amemfichia, na mtoto aliyefichiwa kazi hubaki kukariri, na aliyekariri husahau siku anapohitaji.

Siku ile ile, mvulana yule alipokwisha kurudi mahali pake, alisimama msichana mwembamba ambaye baadaye niliambiwa kwamba mama yake huuza maharagwe sokoni kwa kopo la Guigoz, kipimo kinachojulikana na kila nyumba ya Kivu. Hakwenda ubaoni wala hakushika chaki. Alisema: "Mwalimu, nusu ya nane ni nne. Hapa kuna tatu, kunapunguka kipande kimoja cha nane ili ifike nusu. Nusu ya tano ni mbili na nusu. Hapa kuna mbili, kunapunguka nusu ya kipande cha tano." Akanyamaza, akafumba macho kidogo. "Na nusu ya kipande cha tano ni kipande cha kumi. Kipande cha kumi ni kidogo kuliko kipande cha nane. Basi ile mbili ya tano ndiyo iko karibu na nusu. Ndiyo kubwa."

Namwomba msomaji asiyapite maneno hayo kwa haraka, kwa maana yamebeba elimu yote ya kulinganisha. Msichana yule alisimika nguzo mahali pa nusu, akazipima namba zote mbili kwa umbali wake kutoka kwenye nguzo hiyo, akajua kwamba kitu kikigawanywa vipande vingi zaidi kila kipande huwa kidogo zaidi, akatoa hukumu. Mvulana alihesabu, msichana aliona. Na anayeona hawezi kudanganyika kwamba tatu ya nane imekua kwa sababu imeandikwa kwa tarakimu tatu. Mpe msichana huyo saba ya nane na nane ya tisa, ambazo mtoto wa desimali atazigawanya mpaka karatasi ijae, naye atakuambia mara moja kwamba ya kwanza imepungukiwa na kipande cha nane na ya pili imepungukiwa na kipande cha tisa, na aliyepungukiwa kidogo ndiye mwenye kingi. Sidhani kwamba alijifunza hayo darasani. Nadhani alijifunza kando ya mama yake, akitazama kopo lililojaa, kopo la nusu, na lile kopo ambalo mnunuzi hulitikisa ili maharagwe yashuke apate kudai la kuongezwa.

Liko na suala la ulimi, ambalo wenye rai ile hawalitaji kabisa. Watoto wetu huanza masomo kwa Kiswahili, kisha huingizwa katika Kifaransa, nacho ni Kifaransa tulichoachiwa na Wabelgiji. Na katika lugha hiyo 0,375 husomwa "zéro virgule trois cent septante-cinq", yaani sifuri, mkato, mia tatu sabini na tano. Sikio la mtoto limesikia mia tatu. Litawezaje kuamini kwamba mia tatu ni ndogo kuliko nne? Ng'ambo ya ziwa, Kigoma, mtoto mwenzake husoma sifuri nukta tatu saba tano, tarakimu moja moja, na walau hakudanganywa na sauti. Kama tungeisoma namba ile kwa ukamilifu wake, mia tatu sabini na tano ya elfu, asili ingesikika na kosa lingepungua. Lakini kuisoma hivyo ni kuisoma kama sehemu, na hapo tumerudi tulikokatazwa kurudi.

Wala mkato wenyewe haukubaliwi na majirani wote. Sisi wa Kongo, pamoja na ndugu zetu wa Burundi, huandika desimali kwa mkato, na mara nyingi nukta huitumia kutenga maelfu; Tanzania hutumia nukta kwa desimali na mkato kwa maelfu. Kalundu ni bandari, na shehena zinazoshushwa pale aghalabu zimeandikiwa hati upande wa pili. Ikiandikwa 1.250, mtu wa Uvira husoma elfu moja mia mbili na hamsini, na mtu wa Kigoma husoma moja na robo. Simu na vikokotoo tunavyowapa watoto huonyesha nukta, huku daftari zao zikidai mkato. Lakini sema "moja na robo" Kalundu, useme Kigoma, useme Bujumbura, hapana atakayekuuliza unakusudia nini.

Maneno hayo, robo na nusu na thuluthi, hayakutujia kwa boti za Wazungu. Wasafiri Burton na Speke walipofika Uvira mwezi wa Aprili 1858, wakitokea Ujiji kwa mitumbwi, walikuta wafanyabiashara wa pwani wamekwisha kutangulia, watu wa pembe na, kwa msiba wetu, watu wa biashara ya watumwa; na pamoja na mizigo yao ilikuja lugha hii ninayoiandika, ikiwa na ngazi nzima ya majina ya sehemu: nusu, thuluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumuni, tusui, ushuri. Kila jina ni kipande kimoja, na anayeikariri ngazi hiyo kutoka juu kwenda chini amekwisha kuzipanga sehemu kwa ukubwa wake kabla ya kuandika tarakimu hata moja. Watoto wetu leo husema moja ya nane, moja ya tisa, na hayo ni Kiswahili safi vilevile. Lakini nasikitika kwamba majina yale yamesalia midomoni mwa wazee na mashekhe tu, maana thumuni ni kitu, ilhali moja ya nane ni maneno matatu ambayo mtoto mchanga wa hesabu huyasikia kama namba mbili.

Mashekhe wameyahifadhi kwa sababu mirathi haiwezi kugawanywa pasipo hayo. Mafungu yaliyotajwa katika Kurani ni sita: nusu, robo, thumuni, thuluthi mbili, thuluthi na sudusi. Yageuze desimali uone: matatu ya kwanza yatakubali, yakawa 0,5 na 0,25 na 0,125; matatu ya mwisho yatakataa milele, yakawa 0,666 na 0,333 na 0,166 yasiyokoma. Tuchukue masala ambayo wanazuoni wanaisimulia kuwa ilizuka enzi ya Khalifa Umar bin Khattab. Mwanamke amefariki bila mtoto, amemwacha mume na dada wawili wa baba mmoja na mama mmoja. Mume fungu lake ni nusu, dada hao fungu lao ni thuluthi mbili. Je, mali itatosha? Mwenye desimali atajumlisha 0,5 na 0,666, ataona 1,166, na atajua tu kwamba kuna ziada yenye mkia usiokwisha. Mwenye sehemu atatafuta asili, nayo ni sita: mume tatu, dada nne, jumla saba, mafungu yameizidi asili kwa fungu moja. Basi asili huinuliwa kutoka sita hadi saba, mume akachukua tatu ya saba, kila dada mbili ya saba, na kila mmoja amepunguziwa kwa uwiano ule ule. Hilo ndilo lililoitwa aul. Insafu yote ya hukumu hiyo inaonekana wazi katika tarakimu 3, 4, 6 na 7, ambazo mtoto wa darasa la nne anaweza kuzishika. Iandike kwa desimali nayo itafunikwa na 0,428571 inayojirudia bila kikomo. Hata neno asili, ambalo vitabu vya shule vya Tanzania hulitumia kwa namba ya chini ya sehemu, ni neno lile lile la mafakihi wa mirathi.

Na asiyekuwa na haja ya faraidhi aende ufukoni asubuhi, ndagala wakiwa wameanikwa mchangani. Tuseme wavuvi watatu wamepatana kugawana sawasawa faranga 900 000. Kila mmoja ana thuluthi, nayo ni 300 000. Aje kijana wa kikokotoo azidishe kwa 0,33, kama nilivyoona vijana wakifanya, na kila mvuvi atapata 297 000, na faranga 9 000 zitabaki mezani zisizo na mwenyewe. Kijana hakuiba. Ametumia desimali mahali ambapo desimali haiwezi kusema kweli, kwa sababu kipande cha tatu, cha sita, cha saba, cha tisa, cha kumi na moja na cha kumi na mbili havina desimali yenye mwisho. Zenye mwisho ni zile sehemu ambazo, zikiwa zimefupishwa kabisa, asili yake imejengwa kwa mbili na tano peke yake. Na watu hawajui kuzaliwa, kushirikiana na kurithi kwa mbili na tano peke yake.

Wanaosema kwamba sehemu ni za kale na desimali ni za kisasa wametufanya tuamini kuwa hizi ni elimu mbili zilizopigana na moja ikashinda. Historia haisemi hivyo. Huko Dameski, katikati ya karne ya 10, al-Uqlidisi aliandika sehemu za kumi katika kitabu chake cha hisabu; al-Kashi wa Samarkand akazieleza kwa ukamilifu mwaka 1427; na katika nchi za Ulaya aliyezieneza ni Simon Stevin, mzaliwa wa Bruges, mji ulio leo katika Ubelgiji ile ile iliyotuachia mkato, alipotoa kijitabu chake mwaka 1585. Kijitabu hicho kiliitwa De Thiende, maana yake ushuri, kipande cha kumi, neno ambalo kwa Kiarabu ndilo lililozaa ushuru tunaolipa mpakani. Na Stevin hakutumia mkato. Kila tarakimu aliiandikia alama yake katika kiduara, moja kwa vipande vya kumi, mbili kwa vipande vya mia, tatu kwa vipande vya elfu, ili msomaji asisahau hata dakika moja kwamba anasoma sehemu. Aliyewafundisha Wazungu desimali alizifundisha kama sehemu, na sisi twataka kuwafundisha watoto desimali bila sehemu.

Husemwa kwamba fedha itawafundisha. Labda huko ambako senti ingali hai. Ng'ambo ya maji haya, Usumbura (Bujumbura ya leo) na Ujiji chini ya Wajerumani, rupia ilikuwa pesa 64 hadi mwaka 1904 ilipofanywa heller 100. Na 64 ilikuwa namba ya watu wa nusu, kwa maana nusu yake ni 32, robo 16, thumuni 8, ilhali thumuni ya 100 haipatikani bila kuivunja heller. Kwetu Kongo, Zaire ya mwaka 1967 ilikuwa makuta 100, na kila likuta sengi 100. Kisha bei zikapanda mpaka mwaka 1993 Zaire milioni tatu za zamani zikabadilishwa kwa moja mpya, na faranga ya mwaka 1998 ilipokuja na noti za senti, senti hizo nazo zilimezwa upesi. Makuta yamebaki vinywani mwa wengi wa Kongo kama jina la fedha kwa jumla, si kama kipande cha mia cha kitu chochote. Mtoto aliyezaliwa Uvira baada ya hapo hajapata kushika mkononi mwake sehemu ya mia ya faranga, na dola anazoziona ni za karatasi, chenji yake hurudi kwa faranga. Nakiri kwamba salio la fedha ya simu humwonyesha senti za dola. Lakini namba inayong'aa kwenye kioo haigawanywi kwa mkono, wala haitikiswi kama kopo.

Kuna hoja moja ya upande wa pili ninayoiheshimu, na sitaipita kimya. Mwaka 1989 Lauren Resnick na wenzake walichapisha uchunguzi juu ya watoto wa Marekani, Israeli na Ufaransa waliokuwa wakilinganisha desimali. Kosa la mvulana wetu, la kudhani desimali ndefu ndiyo kubwa, walilikuta nchi zote tatu. Lakini walikuta na kosa la pili, la kudhani iliyo fupi ndiyo kubwa, kwamba 0,3 inaizidi 0,45 kwa sababu vipande vya kumi ni vikubwa kuliko vipande vya mia. Na kosa hilo halikuonekana sana Ufaransa, ambako desimali zilifundishwa kabla ya sehemu. Basi, husema wapinzani wangu, sehemu zikitangulia huleta kosa jipya. Ni kweli, huleta. Ila ni kosa la aliyefika nusu ya njia. Mtoto wa kosa la pili anajua ukubwa wa kipande na amesahau kuhesabu vipande; mwonyeshe kwamba tatu ya kumi ni thelathini ya mia, naye atajisahihisha mwenyewe. Mtoto wa kosa la kwanza hajui kwamba kuna vipande. Na Mfaransa mdogo, aliyeepushwa na kosa la pili, hakuepushwa na la kwanza.

Sitetei kila kinachofundishwa kwa jina la sehemu. Ile desturi ya kumwamuru mtoto azidishe kwa kupishanisha, tatu mara tano kumi na tano, nane mara mbili kumi na sita, kisha aseme kumi na sita ndiyo kubwa pasipo kuambiwa kwamba kumi na tano na kumi na sita hizo ni vipande vya arobaini, ni ukariri ule ule uliovaa nguo nyingine, na nimewahi kuufundisha mwenyewe kwa miaka nisiyoifurahia kuikumbuka.

Wala siichukii desimali. Anayepima kimo cha maji ya ziwa yanayopanda kuelekea nyumba za watu hawezi kufanya kazi kwa robo na thuluthi, na heri yake yule anayeusoma mkato sawasawa. Lakini ni hapo hasa, mahali pa haki pa desimali, ndipo asiyejua sehemu huangamiza. Uvira ni mji wa kipindupindu, na hakuna mtaa usiojua ndoo ya klorini. Maji ya kunawia mikono yana klorini asilimia 0,05, na ya kusafishia sakafu na vitanda vya wagonjwa yana asilimia 0,5. Kwa jicho la mvulana wetu namba hizi ni tano na tano. Mwenye sehemu anajua kwamba ya kwanza ni moja ya elfu mbili na ya pili ni moja ya mia mbili, kwamba moja ni kali mara kumi kuliko nyingine, moja ni ya ngozi ya mtoto na nyingine ni ya saruji. Na nyumbani, dawa ya chumvi na sukari ikitengenezwa usiku kwa ajili ya mwenye kuharisha, amri ni lita moja ya maji safi, vijiko vidogo sita vya sukari vilivyosawazishwa, na chumvi nusu ya kijiko kidogo. Bibi anayekitazama kijiko kile katika mwanga wa tochi analinganisha sehemu, na uhai wa mjukuu wake umo katika nusu hiyo.

Kwa hiyo nawaomba walimu wa Uvira, wa Kiliba, wa Sange, wa Makobola na wa Baraka: kabla mtoto hajagawanya, kabla hajaweka mkato, mwacheni kwanza aseme kwa kinywa chake kama namba hiyo iko chini ya nusu au juu yake, na imepungua au imezidi kwa kipande gani, kisha na agawanye, na desimali itakayotoka aisome yote, pamoja na asili yake. Na wazazi wenzangu, mnapopima unga jioni, mwulizeni mtoto fungu lipi angependa wapewe wageni, robo ya kopo au thuluthi yake, mumngoje ajibu bila simu. Mbili ya tano inaizidi tatu ya nane kwa moja ya arobaini. Kwa gunia lenye makopo arobaini ya maharagwe hilo ni kopo moja zima. Na mvulana yule wa daraja la Mulongwe, aliyegawanya bila kosa lolote, akiambiwa leo achague fungu lake katika gunia hilo, atachukua makopo kumi na tano na kuacha kumi na sita.